Zabuni ya Leta ikikupita kinyume cha sheria: siku tano za kwanza

Barua huwa fupi. Inasema ofa yako ya kujenga mifereji, ya kutengeneza madawati au ya kukarabati kituo cha afya haikukubaliwa, inakushukuru kwa kushiriki, na chini yake kuna saini na muhuri. Wafanyabiashara wengi wadogo wa Ruashi wakiipokea hufanya moja kati ya mambo mawili. Kuna wanaoikunja na kusema Leta ni Leta, nani atashindana nayo. Kuna wanaokimbilia mjini kutafuta mtu anayemjua mtu. Huku na huku siku zinakwenda, na katika jambo hili siku ndizo kila kitu. Sheria ya Kongo inampa mzabuni aliyekatwa haki ya kupinga uamuzi, lakini inampa siku tano tu za kazi za kuanza. Siku ya sita ikifika hujaandika, hata kama umeonewa mchana kweupe, kila utakayemwendea baadaye atakuuliza kwanza: malalamiko yako ya awali yako wapi?

Sheria yenyewe ni namba 10/010 ya tarehe 27 Aprili 2010, inayohusu masoko ya serikali. Inashika Leta kuu, mikoa, miji na komine, mashirika ya umma na taasisi za umma. Komine ya Ruashi imo, kwa kuwa sheria ya 2008 kuhusu maeneo yaliyogatuliwa inaihesabu komine kuwa mamlaka yenye nafsi yake kisheria. Mkoa wa Haut-Katanga umo. Shule au hospitali inayojengwa kwa pesa za bajeti imo. Chini ya sheria hiyo kuna ofisi tatu ambazo lazima uzitenganishe kichwani kabla hujaandika neno lolote. Ya kwanza ni kitengo cha masoko ndani ya ofisi iliyotangaza zabuni, ambacho ndicho kinachoandaa dosye na kuchambua ofa. Ya pili ni DGCMP, kurugenzi iliyo chini ya Wizara ya Bajeti, inayokagua hatua na kutoa idhini pale sheria inapodai idhini. Ya tatu ni ARMP, mamlaka ya usimamizi iliyoanzishwa kwa amri ya Juni 2010, na ndani yake kuna kamati ya kutatua migogoro, CRD. Mzabuni aliyekatwa hupambana na ya kwanza, kisha hukata rufaa kwa ya tatu. Kuandikia ya pili kunaweza kukupa habari, lakini hakusimamishi saa.

Zabuni ni ya nani?

Swali hili linapotosha watu wengi hapa kwetu kwa sababu Ruashi ni komine ya migodi. Kampuni ya mgodi ikitafuta mtu wa kubeba udongo, kupika chakula cha wafanyakazi au kushona nguo za kazi, hiyo ni zabuni ya kampuni binafsi. ARMP haihusiki nayo. Mambo ya ukandarasi mdogo katika sekta binafsi yana sheria yake, namba 17/001 ya tarehe 8 Februari 2017, na mamlaka yake, ARSP. Ukipeleka malalamiko ya mgodi ARMP utarudishiwa karatasi zako, na wakati huo kazi imeshaanza.

Halafu kuna miradi ya wafadhili. Mradi wa maji wa REGIDESO uliogharamiwa na Benki ya Dunia, ule ulioshika Kinshasa, Lubumbashi na Matadi, ni mfano mzuri: ununuzi katika mikopo ya namna hiyo hufuata kwanza kanuni za Benki. Kwa kanuni za Benki za tangu 2016, mzabuni hupelekewa taarifa ya nia ya kutoa mkataba, na kwa kawaida zinapita siku kumi za kazi kabla mkataba haujasainiwa. Una siku tatu za kazi za kuomba maelezo kwa nini ulikatwa. Yote haya yameandikwa katika dosye ya zabuni, ile tunayoiita DAO, kwenye sehemu ya maagizo kwa wazabuni. Isome sehemu hiyo siku unayoinunua DAO, wakati akili yako ingali imetulia.

Na kama zabuni ni ya mkoa, uliza pia kama kuna edi ya bunge la mkoa inayogusa masoko hayo. Uliza kwa maandishi.

Kesi hujengwa kabla ya kushindwa

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Katika zabuni, daftari ni ushahidi, na ushahidi mwingi unapatikana kabla ya uamuzi. Baada ya uamuzi watu wa ofisi huanza kuchunga maneno, na karatasi zilizokuwa mezani zinahamia kabatini.

Anza na DAO yenyewe. Ukiona sharti lililokatwa kwa kipimo cha mtu mmoja, mathalani zabuni ya madawati ya shule inayodai uzoefu wa miaka kumi, au orodha ya vifaa inayotaja jina la kiwanda kimoja bila kuongeza "au kinacholingana", usiseme moyoni kwamba utalalamika ukishindwa. Malalamiko kuhusu masharti, vigezo, maelezo ya kiufundi au jinsi tangazo lilivyotolewa yana muda wake: yanapaswa kuingia katika siku kumi za kazi zinazotangulia siku ya kupokea ofa. Ukiingia kwenye mashindano ukiwa kimya, utaambiwa ulikubali mchezo na kanuni zake. Nadhani hapa ndipo haki nyingi zinapopotea. Mtu anaogopa kuonekana mkorofi mapema, kwa hiyo anaacha sharti baya lipite, halafu sharti hilohilo linamkata.

Siku ya kufungua bahasha, usitume kijana asiyejua. Nenda mwenyewe au mtume mtu anayeweza kuandika haraka. Kikao hicho ni cha wazi kwa wazabuni, na yanayosomwa kwa sauti pale ndiyo msingi wa kila kitu: jina la kila mzabuni, bei yake, punguzo kama lipo, na kama dhamana ya zabuni imo au haimo. Andika saa kikao kilipoanza. Andika saa bahasha ya mwisho ilipoingia, hasa kama iliingia baada ya saa iliyotangazwa. Kama mzabuni fulani hakuwa na dhamana na mwenyekiti akasema itatazamwa baadaye, andika maneno yake kama alivyoyasema na uombe yaingizwe katika PV, yaani kumbukumbu rasmi ya kikao. Ukikataliwa, andika kwamba umekataliwa. Kabla ya kutoka, soma PV unayotakiwa kusaini. Ikiwa bei iliyoandikwa si ile iliyosomwa, sema hapohapo mbele ya wenzako. Kisha omba nakala kwa barua yenye tarehe.

Upande wako nao uwe safi. Angalia tarehe za RCCM, kitambulisho cha kitaifa, namba ya kodi, cheti cha kodi na cheti cha CNSS. Cheti kilichoisha muda wiki moja kabla ya siku ya kufungua kinampa mpinzani wako jibu la mstari mmoja kwa malalamiko yako yote, na jibu hilo litakuwa la halali. Nimeona watu wenye hoja nzito kabisa wakiangushwa na karatasi ya kodi.

Hesabu ya siku

Siku tano za kazi huhesabiwa tangu uamuzi wa kutoa zabuni unapotangazwa. Hazingoji barua ikufikie mkononi. Kwa hiyo baada ya kufungua bahasha, pita kwenye ubao wa matangazo wa ofisi husika kila baada ya siku chache, piga picha ya tangazo ikionyesha tarehe, na weka mtu anayeangalia magazeti na matangazo ya mtandaoni. Barua inaweza kukawia kwenye meza ya katibu wiki nzima.

Chukua mfano. Uamuzi umetangazwa Ijumaa tarehe 27 Juni 2025. Jumapili haihesabiwi, na Jumatatu tarehe 30 Juni ni sikukuu ya Uhuru, nayo haihesabiwi. Ukiiacha Jumamosi nje ya hesabu, siku ya tano inaangukia Jumatatu tarehe 7 Julai. Ukiihesabu Jumamosi kuwa siku ya kazi, ya tano ni Ijumaa tarehe 4. Ofisi zikiwa zimefungwa Jumamosi, utashawishika kuchukua hesabu ile ndefu. Usifanye hivyo. Chukua tarehe iliyo karibu zaidi, ukimaliza na siku moja mkononi. Mwezi Januari nao una mitego yake, kwa kuwa tarehe 1, 4, 16 na 17 zote ni sikukuu.

Siku ya kwanza fanya mambo mawili. Andika barua fupi ya kuomba sababu za kukatwa kwa ofa yako na sehemu ya ripoti ya uchambuzi inayokuhusu. Sheria inakupa haki ya kuzijua sababu. Lakini usikae ukingoja jibu lake, kwa sababu ombi hilo halisimamishi zile siku tano. Jambo la pili ni kukaa na PV, DAO na ofa yako na kutafuta kosa.

Neno kosa hapa lina maana nyembamba. Sheria inataka malalamiko yaonyeshe wazi kanuni iliyovunjwa. "Bei yangu ilikuwa ya chini" peke yake haitoshi, kwa maana zabuni hupewa ofa iliyokidhi masharti na kuonekana nafuu baada ya tathmini, na ofa ya bei ya chini kabisa inaweza kukosa masharti. "Yule aliyeshinda ni shemeji ya mkubwa" haitoshi kama huna karatasi, na inaweza kukuletea kesi ya kumchafulia mtu jina. Yanayosimama ni mambo kama haya: kigezo kilichotumika kukukata hakikuwamo katika DAO, upungufu mmoja umesamehewa kwa mwenzako na kwako umehesabiwa, ofa iliyochelewa ilipokelewa, bei yako imeitwa ya chini kupita kiasi na ukakatwa bila kuulizwa kwa maandishi uieleze, kazi ilipaswa kushindaniwa wazi lakini imetolewa kwa makubaliano ya moja kwa moja bila idhini ya DGCMP, soko moja limekatwa vipande ili kila kipande kikwepe mashindano.

Tuseme ofa yako ya madawati imekatwa kwa sababu ya uzoefu. DAO, kwenye jedwali la vigezo, ilitaka mikataba miwili ya kazi zinazofanana katika miaka mitano iliyopita. Wewe uliweka miwili pamoja na vyeti vya kukabidhi kazi. Barua inasema unao uzoefu usiotosha kwa kuwa mikataba mitatu ilihitajika. Basi barua yako ya malalamiko iseme hivyo tu, kwa mpangilio huu: zabuni namba fulani, uamuzi wa tarehe fulani, uliotangazwa tarehe fulani, ukurasa wa DAO unaotaja mikataba miwili, nakala imeambatishwa, kurasa za ofa yetu zenye mikataba hiyo, nakala zimeambatishwa, kanuni iliyovunjwa ni ile inayodai ofa zipimwe kwa vigezo vilivyotangazwa peke yake, tunaomba uamuzi ufutwe, ofa zichambuliwe upya, na mkataba usisainiwe hadi malalamiko haya yamalizike. Kurasa mbili zinatosha. Ukiongeza historia ya ofisi hiyo na uonevu wa miaka yote, unamsaidia msomaji kukimbia kile kiini.

Barua iandikwe kwa Kifaransa, lugha rasmi ya ofisi na mahakama zetu. Ila kabla ya kumpa mwandishi au avoka, hakikisha wewe mwenyewe unaweza kuieleza hoja kwa Kiswahili kwa mke wako au fundi wako naye akaelewa kosa liko wapi. Kama huwezi, hoja haijakomaa, na Kifaransa kizuri hakitaikomaza.

Ipeleke kwa mkono. Nakala mbili: moja inabaki, nyingine inarudi na muhuri, saini, jina la aliyepokea, tarehe na saa. Wakikataa kupokea, rudi na shahidi au mpeleka hati wa mahakama, na siku hiyohiyo itume pia kwa njia nyingine inayoacha alama ya tarehe. Nakala yenye muhuri ndiyo kesi yako. Bila hiyo, barua nzuri kuliko zote ni kana kwamba haikuandikwa.

Kinshasa na siku tatu

Ofisi ina siku tano za kazi kukujibu. Isipojibu, kimya chake huhesabiwa kuwa imekukatalia. Hili wengi hawalijui. Wanangoja jibu mwezi mzima kwa heshima, na heshima hiyo inawagharimu rufaa, kwa kuwa tangu jibu lifike, au tangu siku hizo tano ziishe bila jibu, una siku tatu za kazi tu za kufika ARMP.

ARMP iko Kinshasa, zaidi ya kilomita 1,500 kutoka hapa. Mtu wa Gombe anavuka barabara. Mtu wa Ruashi lazima ajipange. Jipange tangu siku ya kwanza. Mtafute mapema mtu mwaminifu Kinshasa, wakili au ndugu mwenye utulivu, mpe barua ya uwakilishi iliyosainiwa, na mtumie nakala za DAO, PV na ofa kabla hata ya kujua kama utazihitaji. Rufaa yenyewe ni ileile hoja ya awali, pamoja na malalamiko yenye muhuri na jibu la ofisi, au maelezo kwamba hakuna jibu. Usizue hoja mpya ambayo ofisi haikupewa nafasi ya kuijibu. Jambo moja dogo linakusaidia: saa zetu ziko mbele ya za Kinshasa kwa saa moja, kwa hiyo hapa ikiwa saa kumi alasiri, kule ni saa tisa. Limewahi kuokoa siku ya mwisho.

Kamati ya CRD hutakiwa kuamua katika siku kumi na tano za kazi. Inaweza kukubali au kukataa rufaa, na ikikubali huelekeza kosa lirekebishwe: uamuzi ufutwe, uchambuzi urudiwe, au utaratibu uanze upya kutoka hatua iliyoharibika. Omba kile inachoweza kutoa. Anayeomba tu "tupewe sisi zabuni" anaomba kitu ambacho kamati kwa kawaida haitoi, na anaiacha bila la kumpa.

Ukilinganisha na majirani, muda wetu ni mfupi sana. Kenya, kwa sheria yake ya ununuzi wa umma ya 2015, inampa mzabuni siku 14 kufika kwenye bodi ya mapitio, bodi ina siku 21 kuamua, kisha kuna siku 14 nyingine za kwenda Mahakama Kuu. Naona sheria yetu ingefaa kumwongezea siku mtu wa mkoani, na wabunge wetu wa Haut-Katanga wangefanya vyema kulidai hilo. Lakini hadi hapo, tano ni tano na tatu ni tatu.

Mbele ya jaji

Uamuzi wa ARMP nao unaweza kupingwa mahakamani. Hapa ndipo wengi wanapotumaini makubwa kupita kiasi. Jaji wa mambo ya utawala hapimi tena madawati yako na ya mwenzako. Hakai kwenye kiti cha kamati ya uchambuzi kutoa alama. Anaangalia kama mamlaka iliyoamua ilikuwa na uwezo wa kuamua, kama ilifuata utaratibu, kama iliheshimu kanuni na usawa wa wazabuni, na kama sababu ilizotoa zina mguu wa kusimamia. Akiona sheria imevunjwa, anafuta. Kazi inayofuata inarudi kwa ofisi.

Katiba ya 2006 iliweka mfumo wa mahakama za utawala, na sheria ya kikaboni namba 16/027 ya tarehe 15 Oktoba 2016 ikagawa kazi. Matendo ya mamlaka za komine na mji huenda kwenye tribinali ya utawala. Ya mkoa huenda kwenye mahakama ya rufaa ya utawala. Ya Leta kuu huenda Conseil d'État, Kinshasa, iliyo juu ya mfumo huo wote. ARMP ni taasisi ya Leta kuu, kwa hiyo kupinga uamuzi wake kunaelekea huko juu. Kwa miaka mingi kabla ya mahakama hizo kuanza kuwekwa, kesi za mamlaka za mikoa na za chini yake zilisikilizwa na mahakama za rufaa za kawaida, kwetu ile ya Lubumbashi. Ndiyo maana swali la kwanza kwa wakili wako liwe: kwa uamuzi huu, mahakama gani, kwa ibara gani, na mwisho ni tarehe ipi? Aiandike tarehe hiyo mbele yako. Muulize pia kama mamlaka husika inapaswa kupelekewa malalamiko ya awali kwanza, maana kesi inayoruka hatua hiyo inapodaiwa hufa kabla hoja haijasikilizwa.

Swali la pili ni kusimamisha. Kesi ya kufuta uamuzi haizuii mkataba kusainiwa wala tingatinga kuingia kazini. Sheria ya 2016 imeleta ombi la dharura la kusimamisha utekelezaji, na jaji hulikubali akiona mambo mawili kwa pamoja: kuna dharura, na kuna shaka nzito kuhusu uhalali wa uamuzi. Liambatishe ombi hilo na kesi tangu mwanzo. Onyesha dharura kwa vitu vya kushikika: tarehe ya kusaini iliyotangazwa, malipo ya awali yanayokaribia kutolewa, kazi ambayo ikishajengwa haijengwi tena. Bila kusimamisha, unaweza kushinda karatasi huku mfereji umeshamwagiwa zege na mtu mwingine, na kilichobaki ni madai ya fidia.

Majaji huangalia pia hali ya umma na saa iliyobaki. Mwaka 2017, Mahakama Kuu ya Kenya ilifuta tarehe 7 Julai zabuni ya kuchapisha karatasi za kura za urais iliyopewa kampuni ya Al Ghurair ya Dubai, kwa hoja kwamba wananchi hawakushirikishwa. Uchaguzi ulikuwa tarehe 8 Agosti. Tarehe 20 Julai, Mahakama ya Rufani ikautengua uamuzi huo, na karatasi zikachapishwa na kampuni ileile. Kwa mzabuni wa Ruashi, kesi hiyo inafundisha jambo la vitendo: kadiri siku ya kuhitajika kwa kazi inavyokaribia, ndivyo upande wa pili utakavyosema kwamba kusimamisha kunaumiza wananchi. Jitayarishe kulijibu hilo. Kama ni madarasa na shule inafunguliwa Septemba, mwonyeshe jaji kwamba uchambuzi mpya wa ofa zilezile unaweza kumalizika kabla ya Septemba.

Fidia inadai hesabu. Weka risiti ya kununua DAO, gharama za benki za dhamana, nauli, malipo ya fundi aliyechora, vibali ulivyolipia. Faida uliyoitarajia ni ngumu kuithibitisha. Risiti ni rahisi, nayo inasomeka.

Kama wewe si mzabuni

Mkazi anayeona barabara ya mtaa wake imepewa kampuni isiyo na hata toroli hana ile njia ya siku tano, kwa kuwa imewekwa kwa waliogombea zabuni. Lakini hayuko mikono mitupu. Anaweza kuiarifu ARMP kuhusu ukiukaji, na pale pesa zinapoonekana kuliwa, Inspection Générale des Finances na Cour des comptes ndizo zenye kazi ya kufuatilia hesabu. Picha yenye tarehe, ubao wa mradi unaotaja kampuni, gharama na muda, na majina ya mitaa, vinaeleweka kuliko kelele. Kamati ya mtaa inayopiga picha ya ubao wa mradi siku unaposimikwa, kabla haujang'olewa, imefanya kazi kubwa. Ninasema hili kwa uzito: maji ya Novemba yakiingia nyumbani kwa mama muuza unga kwa sababu mfereji ulipewa asiyeujua, yeye hakuhesabiwa kati ya wazabuni, lakini ndiye aliyelipa.

Na kwa mzabuni aliyepinga, kuna jambo la mwisho linalosahauliwa. Ofa yako ina muda wa kuishi, ulioandikwa katika DAO, na dhamana yako ya zabuni ina muda wake benki. Mgogoro ukivuka tarehe hizo, unaweza kushinda rufaa ukakuta ofa yako imekufa. Usiombe dhamana irudishwe wakati bado unapinga, kwa kuwa hatua hiyo inaweza kusomwa kuwa umejitoa. Ukiombwa kuongeza muda wa ofa, jibu kwa maandishi kwamba unakubali, nenda benki kabla dhamana haijaisha, uirefushe, na peleka nakala ofisini upate muhuri. Cheti cha kodi kikikaribia kuisha katikati ya mgogoro, chukua kingine. Siku uchambuzi utakaporudiwa, dosye yako iwe hai kama ilivyokuwa siku bahasha zilipofunguliwa.